Mizani Ikivuka Mshororo: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara na Watunzi wa Kanda ya Ziwa

Maswali haya hutoka kwa vijana wanaotunga mashairi hapa Mwanza na ng'ambo ya maji, Sengerema na Ukerewe, hadi Magu na Bunda. Wengi walifundishwa shuleni kuhesabu mizani, yaani silabi za kila mshororo (mstari wa shairi), wakaishia hapo. Wakianza kutunga wenyewe wanakuta tabu yao haiko katikati ya mshororo, iko pale mmoja unapokwisha na mwingine unapoanza. Majibu ni ya mtunzi mmoja mwenye upande wake, na upande huo utauona mapema.

Mwendelezo wa mizani ni kitu gani?

Ni hali ya mapigo ya shairi kutokoma mwisho wa mshororo, yakaingia moja kwa moja katika mshororo unaofuata kana kwamba mahali pa kuvuta pumzi hapapo. Hesabu haianzi upya, na sikio halipewi alama yoyote kwamba hapa pamekwisha.

Usichanganye jambo hili na maana kuendelea. Sentensi inaweza kuvuka mshororo huku mizani imekamilika na kutulia mahali pake. Mizani nayo inaweza kuvuka hata pale sentensi ilipokwisha. Nusu ya maswali yaliyo hapa chini yasingeulizwa kama mambo haya mawili yangetenganishwa tangu darasani.

Sasa, mizani ya Kiswahili inavuka au haivuki?

Haivuki. Katika ushairi wetu wa kimapokeo kila mshororo unajitegemea kwa hesabu, na kila kipande ndani ya mshororo vilevile. Tarbia ya kawaida ina mishororo 4, kila mmoja mizani 16, yaani 8 za ukwapi, kipande cha kwanza, na 8 za utao, kipande cha pili. Ukifika ya 16, unaanza tena moja.

Sababu iko katika lugha yenyewe. Kiswahili huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho wa neno. Kipande kinapokwisha, sauti hukaa juu ya silabi hiyo, kisha hushuka kwenye ya mwisho, ambayo ndiyo kina. Msikilize mtu yeyote anayeghani shairi: pale pa mwisho huvuta, hata kama anaghani haraka. Kwa hiyo mwisho wa kipande unasikika mara mbili, kwa mvuto wa sauti na kwa kina kinachorudi. Huwezi kuufanya usisikike bila kuvunja vyote viwili.

Mshororo wangu wa kwanza una mizani 15, wa pili 17. Jumla ni 32 kama inavyotakiwa. Kosa liko wapi?

Hili ndilo swali linalorudi kuliko yote, na kila mara anayeuliza anaamini amepata njia ya mkato. Tazama mfano huu:

Namwona mama yule, aliyebeba kichwani,
Ndoo ya dagaa wale, waliovuliwa gizani.

Hesabu ukwapi wa kwanza: na-mwo-na-ma-ma-yu-le, mizani 7. Utao una 8. Mshororo wa pili una ukwapi wa 8, lakini utao wake ni wa-li-o-vu-li-wa-gi-za-ni, mizani 9. Kwenye karatasi mambo yanalingana. Mdomoni hayalingani. Mghani akifika "yule" anakuta mahadhi bado yanadai silabi moja, ataivuta "le" kwa nguvu ili ajaze pengo. Kisha kwenye "waliovuliwa" ana silabi moja ya ziada, ataimeza. Msikilizaji asiyejua hata neno mizani atasema tu kwamba kuna mahali umejikwaa.

Mshororo haukopeshi mwenzake. Dawa ni ndogo:

Nimemwona mama yule, aliyebeba kichwani,
Ndoo ya dagaa wale, walovuliwa gizani.

"Namwona" imekuwa "nimemwona" na silabi iliyokosekana imepatikana. "Waliovuliwa" imefupishwa kuwa "walovuliwa", inkisari ambayo washairi wameitumia vizazi na vizazi. Sasa kila kipande kina 8. (Kwa asiye wa huku: dagaa huvuliwa usiku usio na mbalamwezi, kwa taa. Mwezi ukiwa mpevu wavuvi wengi wa dagaa hupumzika. Kwa hiyo "gizani" halikuwekwa hapo kwa ajili ya kina tu.)

Mshororo wangu una mizani 16 kamili, nimehesabu kwa vidole. Mbona mnasema umevunjika?

Huenda ni kwa sababu ya mahali neno lilipolala. Chukua huu:

Nimemwona mama aliyebeba ndoo kichwani

Ni 16, hakuna ubishi. Sasa weka kituo baada ya silabi ya 8. Utakuta umekata neno: nimemwona mama ali / yebeba ndoo kichwani. Hapa mizani imevuka kutoka kipande hadi kipande kwa kupita katikati ya neno, nalo ni jambo ambalo mashairi yetu ya bahari ya shairi (bahari ni umbo la utungo) hayalikubali. Kwa maoni yangu kosa hili ni zito kuliko la kupungukiwa silabi moja, kwa kuwa aliyepungukiwa anarekebisha neno, lakini huyu lazima avunje mshororo mzima na kuujenga upya.

Basi maana nayo ikomee mwisho wa kila mshororo?

La. Rudi kwenye mama na ndoo yake. "Aliyebeba kichwani" haijasema amebeba nini. Jibu liko mshororo wa pili. Mshororo wa namna hiyo, unaoacha maana ikining'inia, huitwa mshata, na ule unaojitosheleza huitwa kifu. Hii hapa ni mishororo kifu:

Mwanza ni mji wa mawe, yalopandana angani,
Juu azunguka mwewe, dagaa yuko juani.

Kila mshororo unaweza kusimama peke yake na ukaeleweka. Ni salama, na shairi lote likiwa hivyo linachosha: taarifa, kituo, taarifa, kituo. Mishata inalipatia shairi mwendo. Msikilizaji anasikia kina kimefungwa, mizani imetimia, lakini habari haijaisha, hivyo anabaki amekutegea sikio. Mvutano huo ndio utamu wenyewe, na unapatikana kwa sababu mizani imekataa kuvuka. Kama mizani nayo ingetiririka, kusingekuwa na kitu cha kuvutana na maana.

Wazee wengi hushauri kwamba ubeti, tofauti na mshororo, uwe na wazo lililotimia. Ni ushauri mzuri kwa shairi la malumbano, ambapo mwenzako atakujibu ubeti kwa ubeti. Kwa utenzi wa kisa sioni haja ya kuufuata kila mara.

Nimesoma kwamba Wagiriki na Warumi waliruhusu mizani kuvuka. Walifanyaje?

Walikuwa na nyenzo ambayo sisi hatuna: silabi ndefu na silabi fupi. Mizani yao haikuhesabu idadi peke yake, ilipanga urefu wa silabi kwa mfuatano maalumu. Mwisho wa mshororo ulitambulika kwa ruhusa mbili. Silabi ya mwisho iliweza kuwa fupi hata pale palipotakiwa ndefu, kwa kuwa kituo kiliijaza. Pia irabu ya mwisho wa mshororo iliweza kukutana na irabu ya mwanzo wa unaofuata bila kumezwa.

Palipokuwa na mwendelezo, ruhusa zote mbili zilifutwa. Silabi ya mwisho ilipimwa kama silabi yoyote ya katikati. Wataalamu wa fani hiyo huuita mwendelezo huu sinafia. Mwingereza Richard Bentley ndiye aliyeonyesha mwaka 1699 kwamba mishororo ya anapesti (pigo la silabi mbili fupi na moja ndefu) katika tamthilia za Kigiriki hutembea hivyo, mmoja ndani ya mwingine, mpaka unapofika mshororo mfupi wa kufungia.

Mfano ulio rahisi kuuona ni ubeti wa Sappho, mshairi wa kike wa kisiwa cha Lesbos. Una mishororo 3 ya silabi 11 na wa mwisho wa silabi 5. Ule wa tatu na ule mfupi hushikana kiasi kwamba neno laweza kuanzia kwenye mmoja na kuishia kwenye mwingine. Mrumi Catullus, akitunga kwa umbo hilohilo, alilikata neno "ultimosque": "ulti" ikabaki juu, "mosque" ikaanza mshororo wa chini. Virgil naye, katika mishororo michache ya utenzi wake mkuu, aliacha silabi moja ya ziada mwishoni, yenye irabu ambayo humezwa na irabu inayoanza mshororo unaofuata.

Mtunzi wa Kiswahili akifanya hayo atachekwa, na atakuwa amestahili. Sisi hatupimi urefu wa silabi. Tukiondoa kina na kituo hakuna kitakachomwambia msikilizaji kwamba bado yumo ndani ya shairi.

Na Waarabu, ambao tumechukua kwao mambo mengi ya ushairi?

Hapa pana jambo la kufurahisha. Katika ushairi wa Kiarabu wa jadi ubeti una nusu mbili, na neno moja laweza kugawanywa kati ya nusu hizo. Katika bahari ya khafifu jambo hilo ni la kawaida kabisa. Lakini maana kuvuka kutoka ubeti mmoja hadi mwingine, wanachokiita tadhmini, wahakiki wao wa kale walikihesabu kuwa dosari. Sisi tumekaa upande wa pili wa mambo yote mawili: neno halikatwi kamwe, maana tunaivusha bila kuona haya. Anayesema ushairi wa Kiswahili ni nakala ya wa Kiarabu aanze kwa kueleza hili.

Kwa nini tenzi za kale huonekana zimeandikwa kwa mstari mrefu mmoja?

Kwa sababu katika miswada ya Kiswahili ya Lamu na Pate, iliyoandikwa kwa herufi za Kiarabu, ubeti wa utenzi uliweza kupangwa kwa mstari mmoja au miwili, vipande vikitengwa kwa alama. Kwa herufi zetu ungekuwa hivi:

Usiku umeingia * taa zinaangazia * dagaa wazifikia * wavuvi watupa nyavu

Kupanga vipande hivi vinne kimoja chini ya kingine, mizani 8 kila kimoja, ni desturi ya uchapaji wa baadaye. Ukiuona ubeti katika umbo la zamani, swali lako zima linageuka. Kile unachokiita mshororo kilikuwa kipande, na mshororo wenyewe una mizani 32. Vina vitatu vya -ia ni vya ndani; kina cha -vu ndicho cha mwisho halisi, nacho hurudi mwishoni mwa kila ubeti mpaka utenzi uishe.

Ndiyo maana utenzi unakubali mishata kuliko shairi la tarbia. Pumzi ya mghani imepimwa kwa ubeti. Lakini hata humo, katika kila kipande hesabu ni 8, na neno halivuki.

Ukawafi, kwa kulinganisha, una mizani 15 kwa mshororo, iliyogawanywa 6, 4 na 5. Vipande ni vifupi na havilingani, kwa hiyo masikio hupokea mshororo mzima kwa mkupuo. Anayetaka kuonja mtiririko mrefu bila kuvunja sheria ajaribu huko.

Pindu na msuko je? Hizo si mwendelezo?

Pindu, ambayo wengine huiita mkufu au nyoka, ni mwendelezo wa maneno. Ubeti unaisha "wavuvi watupa nyavu", ule unaofuata unaanza "watupa nyavu majini". Mizani haijavuka. Ni 8, kisha 8 nyingine. Kilichovuka ni mwangwi.

Msuko unastahili maneno zaidi. Mshororo wa mwisho huwa mfupi kuliko ule wa juu, mara nyingi nusu yake, 16, 16, 16 kisha 8. Sikio limezoeshwa kusubiri utao, halafu haupo. Ni umbo lililo jirani na la Sappho kwa sura: mirefu mitatu, mmoja mfupi. Tofauti ni kwamba ule wake mfupi umeshonwa kwenye wa tatu, wetu unasimama peke yake. Jaribu kuandika msuko ambao mshororo wa tatu ni mshata na wa nne ndio unaotoa jibu kwa mizani 8 tu. Ukifaulu mara moja hutarudi kwenye tarbia kwa muda.

Mshororo ukiisha kwa irabu na unaofuata ukianza kwa irabu, nihesabu moja au mbili?

Mbili, bila wasiwasi. Karibu kila neno la Kiswahili huisha kwa irabu. Tungekataza irabu kukutana mipakani tusingeweza kutunga. Kituo kinazitenganisha.

Ndani ya kipande hali ni nyingine. Mdomo hupenda kuunganisha, na waghani wengine humeza. Msimamo wangu: hesabu kilichoandikwa. Kama unataka "mwana wangu" iwe mizani 3, andika "mwanangu". Usimwachie mghani kazi ya kukisia.

Silabi zipi huleta ugomvi katika kuhesabu?

M na n zinazosimama peke yake ni mizani kamili: m-tu, n-chi, wa-n-ne. Katika "ndege" na "mbuzi" haziko peke yake, kwa hiyo nde-ge, mbu-zi. "Mwanza" ni 2. "Ziwa" ni 2, "jua" ni 2, "saa" ni 2. Maneno ya mkopo kama "daktari" na "labda" yana konsonanti isiyo na irabu. Wapo wanaoihesabu, wapo wasioihesabu. Chagua njia moja uishike katika shairi lote.

Kwa sisi tuliokulia Kisukuma kuna jambo la pembeni. Kisukuma hutofautisha irabu fupi na ndefu, na urefu huo hutufuata tukisema Kiswahili. Irabu uliyoivuta kwa mazoea ya nyumbani haiongezi mizani. Kuhusu l na r, hilo ni la vina, si la mizani, lakini niliseme hapahapa: "kula" na "kura" kwa masikio ya baadhi yetu ni kina kimoja, na ukipeleka shairi hilo Tanga watakurudishia.

Nikighani, nivute pumzi wapi?

Mwisho wa mshororo, daima. Kati ya ukwapi na utao weka kituo kifupi kisichohitaji pumzi. Kama umefika kwenye mshata, usiikimbilie maana; vuta pumzi kama kawaida, kisha endelea. Vijana wengi huogopa kwamba msikilizaji atapotea, wakauunganisha mshororo na mwenzake, na papo hapo kina kikafa. Msikilizaji hapotei. Anasubiri.

Ngoma ni kitu kingine. Aliyewahi kuhudhuria mashindano ya Bagika na Bagalu, makundi mawili ya ngoma ya Wasukuma, au sherehe zao za Bulabo pale Bujora, karibu na Mwanza, mwezi wa Juni, ameona jinsi maneno yanavyofuata ngoma na miguu. Shairi la kughani halina ngoma ya kulibeba. Hesabu yake ndiyo ngoma yake.

Mashairi huru yanaingia wapi?

Mtu wa kanda hii hawezi kulikwepa swali hili, maana Euphrase Kezilahabi alizaliwa Ukerewe, mwaka 1944, na diwani yake Kichomi ya mwaka 1974 ndiyo iliyowasha ubishi mkubwa juu ya mashairi yasiyofuata vina na mizani. Upande wa pili ulikuwa na silaha yake tayari: kitabu cha sheria za kutunga cha Kaluta Amri Abeid, kilichotoka mwaka 1954, kilichokuwa kimeuweka urari wa vina na mizani kuwa msingi.

Katika shairi huru mshororo haukomi kwa hesabu wala kwa kina. Unakoma pale mtunzi alipoamua kukoma. Kwa hiyo mshata, ambao kwetu ni bizari tu, kule unakuwa chombo kikuu: mahali pa kukata ndipo panapobeba uzito wote. Je, huo ni mwendelezo wa mizani? Siwezi kuuita hivyo. Kitu kisichopimwa hakina cha kuendeleza. Lakini ni mwendelezo wa pumzi, na anayekata vizuri anasikika.

Mimi hutunga kwa mizani. Hata hivyo, hutamka wazi kwamba shairi huru lililokatwa kwa makini linashinda tarbia iliyojazwa "kwa hakika" na "ninasema" ili mizani itimie.

Nikituma shairi kwa simu, mishororo inakatika ovyo. Nimeharibu mizani?

Hapana, ni upana wa kioo. Mshororo wa mizani 16 mara nyingi hautoshi kwenye simu iliyosimama wima. Weka mkato baada ya ukwapi na uanze kila mshororo kwa herufi kubwa, msomaji atajua pa kuanzia. Au panga kila kipande kwenye mstari wake na uache nafasi kati ya beti.

Nikihariri, nianze kuangalia nini?

Anza na mipaka. Soma kwa sauti maneno ya mwisho ya kila kipande peke yake, kuanzia juu hadi chini, bila kusoma yaliyo katikati. Utagundua kina kilicholegea na neno lililokatwa kabla hujahesabu chochote. Kisha gonga kidole mezani kwa kila silabi, kipande kimoja kimoja. Ukifika 9, simama hapohapo urekebishe, usiendelee kwa matumaini kwamba kinachofuata kitakuwa na 7.

Baada ya hapo mpe mtu mwingine alighani mbele yako, asiyewahi kuliona. Usimsahihishe. Weka alama kila mahali anapositasita.